Somo la Afya: Kurudi Hospitalini Baada ya Ajali ya Chombo cha Majini, na Jinsi Rekodi Yako Inavyoandikwa

Ajali ya chombo hutokea mara moja, lakini matibabu yake huchukua wiki, miezi, na pengine zaidi ya mwaka. Aliyevunjika mkono mashua ilipopinduka hurudi kuangaliwa plasta, hurudi kupigwa eksirei, kisha hurudi kwa mazoezi ya viungo. Kila anaporudi, mhudumu wa afya huandika msimbo kwenye rekodi, yaani herufi na tarakimu chache zinazosimama badala ya maelezo marefu. Maelezo ya daktari hubaki ndani ya faili, ilhali msimbo husafiri. Huenda kwenye dai la bima, kwenye takwimu za kaunti na za wizara, na kwenye karatasi za fidia iwapo uliumia ukiwa kazini.

Katika kaunti kama yetu ya Lamu, ambako safari ya sokoni, shuleni au hospitalini mara nyingi ni safari ya chombo, jambo hili linamhusu kila mkazi. Mgonjwa ndiye anayejua namna alivyoumia, na akinyamaza, karani hana pa kulipata jambo hilo. Somo hili linaeleza jinsi misimbo inavyofanya kazi unaporudi kliniki, na mambo ambayo wewe mwenyewe unapaswa kuyasema na kuyatunza.

Ukisahau mengine yote, kumbuka hili: kila unaporudi, rekodi yako iseme mambo matatu. Umeumia nini, umeumia vipi, na umefikia hatua gani ya matibabu.

MSIMBO UNATOKA WAPI

Misimbo ya magonjwa hutoka katika orodha moja ya kimataifa inayosimamiwa na Shirika la Afya Duniani (WHO). Orodha hiyo hujulikana kwa herufi ICD. Toleo la 10 lilipitishwa mwaka 1990 na nchi zikaanza kulitumia kuanzia 1994. Toleo la 11 lilipitishwa Mei 2019 na likaanza kutumika rasmi tarehe 1 Januari 2022, na nchi zinahamia huko hatua kwa hatua. Mifano katika somo hili ni ya toleo la 10, ambalo wahudumu wengi wamelizoea. Toleo likibadilika, herufi na tarakimu hubadilika, lakini yale mambo matatu ya kusema hubaki yale yale.

Katika toleo la 10, herufi ya kwanza hukuonyesha uko sehemu gani ya orodha:

- S na T: jeraha lenyewe. Kwa mfano, S52.5 ni kuvunjika kwa mfupa wa mkono karibu na kifundo, na T75.1 ni kuzama majini, hata kama mtu ameokolewa akiwa hai.
- V: ajali ya usafiri iliyosababisha jeraha, iwe ya barabarani, ya majini au ya angani.
- Z: sababu ya kuja hospitalini ambayo si ugonjwa mpya, kama vile kuangaliwa plasta, kutolewa nyuzi au kufanyishwa mazoezi.
- Y85: athari zilizobaki muda mrefu baada ya ajali ya usafiri.

Jeraha na ajali huandikwa kwa misimbo miwili tofauti. Mkono uliovunjika ni S52.5, awe mtu ameanguka mnaziini, amegongwa na bodaboda au amepinduka na mashua. Ni msimbo wa V pekee unaosema kwamba chanzo kilikuwa chombo cha majini. Usipoandikwa, bahari haipo kwenye rekodi.

AJALI ZA MAJINI ZIMEGAWANYWA VIPI

Ajali za vyombo vya majini ziko kati ya V90 na V94. Tofauti yake inategemea maswali mawili: je, chombo chenyewe kilipatwa na ajali? Na je, mtu alizama?

- V90: chombo kimepatwa na ajali, kama kupinduka, kuzama au kuungua, na mtu akazama majini.
- V91: chombo kimepatwa na ajali, na mtu akaumia kwa namna nyingine, kama kuvunjika, kubanwa kati ya vyombo viwili vilivyogongana au kuungua.
- V92: chombo ni kizima, lakini mtu ameanguka kutoka chomboni na kuzama. Ametupwa na wimbi, au ameteleza kwenye ubao wa kupandia.
- V93: chombo ni kizima, lakini mtu ameumia humo humo ndani. Ameanguka ngazini, amepigwa na foromali iliyoanguka, au ameumizwa na mashine.
- V94: ajali nyingine za majini, pamoja na zile ambazo hazikuelezwa vya kutosha.

Zingatia kwamba aliyeteleza ukutani mwa gati akaanguka baharini, bila chombo chochote kuhusika, hayumo katika kundi hili. Yeye huandikwa W70, kuzama baada ya kuanguka katika maji ya asili. Tofauti hii ina maana kwa mipango ya kaunti. Ajali za V92 zinaelekeza macho kwenye ubao wa kupandia na namna abiria wanavyopakiwa. Ajali za W70 zinaelekeza macho kwenye gati lenyewe, taa zake na kingo zake.

Baada ya nukta hufuata tarakimu inayotaja aina ya chombo. Kwa mfano, 1 ni chombo cha abiria, 2 ni chombo cha uvuvi, 3 ni chombo kingine chenye injini, 4 ni chombo cha matanga, 5 ni mtumbwi, na 9 ni chombo kisichotajwa. Kwa hiyo mvuvi aliyevunjika mkono mashua yake ya uvuvi ilipopinduka huandikwa V91.2. Kama hakuna aliyeuliza ni chombo gani, ataandikwa V91.9.

Orodha hii haina mahali pa jahazi, mashua wala ngalawa kwa majina yake. Jahazi linalobeba mchanga na makuti lina tanga, pengine lina injini pia, na ni chombo cha biashara. Karani asiyelijua hawezi kukisia. Ndiyo maana kusema tu "nimeumia kwenye chombo" hakutoshi. Sema chombo kilikuwa na kazi gani (uvuvi, abiria au mizigo) na kilisukumwa na nini (injini, tanga, pondo au kafi). Kwa majibu hayo mawili, karani ataweza kuchagua tarakimu ifaayo.

UNAPORUDI: MFANO WA BAHARIA MMOJA

Tuchukue mfano wa kubuni wa baharia wa Kizingitini. Mashua ya uvuvi imepinduka wakati wa kusi, naye amevunjika mkono karibu na kifundo. Tumfuate hatua kwa hatua.

Siku ya ajali. Anafungwa banzi kwenye kituo kilicho karibu, kisha anapelekwa hospitalini Amu kwa barua ya rufaa, anapigwa eksirei na kufungwa plasta. Jeraha ni S52.5, ajali ni V91.2. Orodha pia ina tarakimu ya nyongeza ya shughuli aliyokuwa akifanya mtu: 2 ni kazi ya kujipatia riziki, 1 ni starehe. Kwa kuwa alikuwa akivua kwa riziki, ni 2. Kituo cha kwanza na hospitali wote wanatibu jeraha lile lile jipya, na barua ya rufaa ndiyo inayoonyesha kwamba ajali ni moja.

Wiki ya pili. Anarudi kuangaliwa plasta. Hakuumia upya. Sababu ya kuja siku hiyo ni Z47.8, ambayo ni uangalizi wa mifupa unaojumuisha kukagua, kubadilisha au kutoa plasta. Jeraha na ajali ya awali hutajwa pamoja nayo ili ijulikane plasta hiyo ni ya nini.

Wiki ya sita. Plasta inatolewa. Ni Z47.8 tena. Kama angefungwa kwa chuma na chuma hicho kutolewa baadaye, ingekuwa Z47.0. Kama angekuwa na kidonda kilichoshonwa, kubadilisha bandeji au kutoa nyuzi kungekuwa Z48.0.

Miezi miwili hadi mitatu. Anahudhuria mazoezi ya viungo ili kifundo kirudi kukunjika. Mazoezi hayo ni Z50.1.

Baada ya matibabu kwisha. Daktari anamwita kuhakikisha mfupa umeunga sawasawa, na hakuna matibabu mengine yanayotolewa. Hapo ndipo inapotumika Z09.4, uchunguzi wa kufuatilia baada ya kutibiwa mfupa uliovunjika.

Ukitazama mfululizo huu utaona kwamba kurudi kuna aina nyingi, na kinachoamua msimbo ni kilichofanyika siku hiyo. Aliyerudi mara ya tano kwa mazoezi si sawa na aliyerudi mara ya tano kwa sababu mfupa umekataa kuunga na anahitaji upasuaji. Huyu wa pili bado anatibiwa jeraha. Ndiyo maana unapofika mapokezi usiseme tu "nimekuja kliniki". Sema: "Nimerudi kuangaliwa plasta ya mkono niliovunjika kwenye mashua ya uvuvi mwezi uliopita." Sentensi hiyo moja ina mambo yote matatu.

MWAKA UKIPITA, BAHARI HUPOTEA

Kuna mpaka mmoja ambao watu wengi hawaujui. Katika toleo la 10, tatizo linalobaki mwaka mmoja au zaidi baada ya jeraha huhesabiwa kuwa athari iliyobaki, hata kama hakuna aliyeliita hivyo. Daktari pia anaweza kulitaja kuwa athari iliyobaki kabla ya mwaka kwisha.

Turudi kwa baharia wetu. Miezi 14 imepita na kifundo bado ni kigumu, hawezi kuvuta kamba sawasawa. Sasa tatizo lake la leo ni M25.6, ugumu wa kiungo. Chanzo chake ni T92.1, athari ya kuvunjika mkono. Na ajali yake haiandikwi tena V91.2. Inaandikwa Y85.9.

Hapo ndipo penye shida. Ajali za magari zina msimbo wake wa athari, Y85.0. Ajali nyingine zote za usafiri, ziwe za mashua, za treni au za ndege, zimewekwa pamoja katika Y85.9, na hata ajali ya usafiri isiyoelezwa huingia humo. Kwa maneno mengine, baada ya mwaka mmoja msimbo hauwezi tena kusema kwamba mtu huyu aliumia baharini. Kinachoweza kusema ni maandishi ya daktari: "athari ya kuvunjika mkono, ajali ya mashua ya uvuvi", pamoja na tarehe ya ajali.

Kwa hiyo mwenye jeraha la muda mrefu asitegemee msimbo peke yake. Aombe maneno hayo yaandikwe kwenye kadi au faili kila anapohudhuria, na atunze karatasi ya siku ya kwanza.

WATU KUMI HUGEUKA HAMSINI, AU HUGEUKA SIFURI

Tuseme boti moja imepinduka na watu kumi wameumia. Kila mmoja amerudi hospitalini mara nne. Jumla ya mahudhurio ni hamsini: kumi ya kwanza na arobaini ya marudio.

Kama kila hudhurio litaandikwa kuwa jeraha jipya, takwimu zitaonyesha watu hamsini walioumia. Kama marudio yataandikwa sawa, zitaonyesha watu kumi na mahudhurio arobaini ya kufuatilia. Na kama msimbo wa V hautaandikwa kabisa, zitaonyesha mifupa iliyovunjika na vidonda vilivyoshonwa, lakini ajali za majini zitakuwa sifuri.

Makosa yote mawili yana gharama. Hesabu iliyozidi humfanya mpangaji atilie shaka takwimu nzima. Hesabu ya sifuri humfanya aamini kwamba hakuna tatizo. Na maamuzi kuhusu boti ya kubebea wagonjwa iwekwe wapi, jaketi za kuokoa maisha zisisitizwe kwenye njia gani, au mtaalamu wa mazoezi ya viungo ahitajike kituo gani, yote huanza na swali moja: ni watu wangapi wanaumia, na wapi?

Tatizo hili ni kubwa zaidi kwa majini kuliko barabarani. Fomu ya muhtasari ya wagonjwa wa nje inayotumiwa na vituo vya afya nchini, MOH 705, hutenganisha mahudhurio ya kwanza na ya marudio, na ina mstari wa majeraha ya ajali za barabarani. Majeraha ya chombo cha majini huangukia kwenye mstari wa majeraha mengine, pamoja na aliyejikata kwa panga na aliyeanguka mtini. Kwa hiyo anayetaka kujua hali ya baharini hulazimika kurudi kwenye rekodi za mgonjwa mmoja mmoja, na humo atakuta tu kile kilichoandikwa.

BIMA NA FIDIA

Tangu tarehe 1 Oktoba 2024, Mamlaka ya Afya ya Jamii (SHA) ndiyo inayosimamia malipo ya matibabu mahali pa iliyokuwa NHIF. Huduma za ngazi ya 2 na 3, yaani zahanati na vituo vya afya, hulipiwa na Hazina ya Afya ya Msingi. Huduma za hospitali za ngazi ya 4 hadi 6 hulipiwa na Hazina ya Bima ya Afya ya Jamii. Ambaye hajajisajili anaweza kufanya hivyo kwa simu kupitia *147#.

Hospitali inapodai malipo, dai hutaja ugonjwa na huduma iliyotolewa, na hivyo viwili havina budi kulingana. Huduma ikiwa ni kutoa plasta ilhali msimbo unasema mfupa umevunjika leo, anayekagua dai ana sababu ya kuuliza. Kuulizwa huko huchelewesha malipo.

Kwa aliyeumia akiwa ameajiriwa, iwe kwenye boti ya abiria, chombo cha mizigo au boti ya hoteli, ipo Sheria ya Mafao ya Majeraha ya Kazini ya mwaka 2007. Mfanyakazi anapaswa kumjulisha mwajiri mapema. Mwajiri naye anapaswa kuripoti ajali kwa Mkurugenzi wa Usalama na Afya Kazini ndani ya siku 7. Dai la fidia huwasilishwa ndani ya miezi 12 tangu ajali. Sasa linganisha miezi hiyo 12 na ule mpaka wa mwaka mmoja tulioutaja. Anayengoja hadi kifundo kikatae kabisa kukunjika huenda akajikuta amepitwa na muda wa dai na pia rekodi yake haitaji tena chombo. Rekodi za marudio ndizo zinazoonyesha kwamba ulemavu uliobaki umetokana na ajali ile ile. Pengo la miezi mitano bila hudhurio lolote huleta swali gumu kujibu.

MARUDIO YANAYOSAHAULIKA: MAPAFU NA MOYO

Wengi hurudi kwa sababu ya mfupa au kidonda. Wachache hurudi kwa sababu ya maji waliyovuta au hofu waliyobaki nayo.

Aliyezama na kuokolewa anaweza kuonekana mzima, kisha hali ikabadilika baada ya saa kadhaa. Akianza kukohoa sana, kuhema kwa shida, kulegea au kuchanganyikiwa, arudishwe hospitalini mara moja. Huko aseme wazi kwamba alizama, na ni lini, ili asiandikiwe kikohozi cha kawaida. Kumbuka kwamba chini ya Katiba, Kifungu cha 43, hakuna mtu anayepaswa kunyimwa matibabu ya dharura.

Na moyo pia huumia. Aliyepoteza jamaa kwenye ajali, au aliyekaa majini usiku kucha akiwa ameshikilia dumu, anaweza kubaki na ndoto za kutisha, kushtuka ovyo, kukosa usingizi au kushindwa kabisa kupanda chombo tena. Hali hiyo inatambuliwa kitabibu, ina msimbo wake (F43.1 ikiwa ni mfadhaiko uliobaki baada ya mkasa), na ina matibabu. Si udhaifu wa mtu. Kwa mtu ambaye riziki yake na njia yake ya hospitali ni bahari, kuogopa chombo ni ulemavu sawa na mkono usiokunjika, na unastahili kuandikwa pamoja na ajali iliyouleta.

TAHADHARI: USICHUKUE MSIMBO MTANDAONI

Wakati mwingine mgonjwa au wakala wa bima hutafuta msimbo kwenye intaneti na kumletea karani. Sehemu kubwa ya anachokuta huko ni orodha ya Marekani, iliyoanza kutumika huko tarehe 1 Oktoba 2015. Imejengwa juu ya orodha ya WHO lakini si ile ile.

Wamarekani huongeza herufi ya saba mwishoni: A kwa matibabu ya jeraha yanayoendelea, D kwa mahudhurio ya kufuatilia wakati wa kupona, na S kwa athari zilizobaki. Kwa mifupa huenda mbali zaidi: G ni mfupa unaochelewa kuunga, K ni mfupa usiounga, P ni mfupa uliounga vibaya. Ni utaratibu mzuri, kwa kuwa jeraha na hatua ya matibabu hukaa pamoja katika msimbo mmoja. Lakini tarakimu zenyewe hazifanani na zetu. V91.2 katika orodha ya WHO ni ajali ya chombo cha uvuvi. Katika orodha ya Marekani, V91.2 ni mwanzo wa misimbo ya kuanguka kwa sababu ya chombo kugongana na kitu. Ukichanganya orodha mbili, ajali moja hugeuka nyingine.

Mgeni aliyeumia hapa na anayetaka karatasi za bima ya kwao aombe ripoti ya daktari kwa maneno kamili: jeraha, namna lilivyotokea, aina ya chombo, tarehe, na hatua ya matibabu. Bima yake itachagua misimbo yake kutokana na ripoti hiyo.

MAMBO YA KUFANYA

1. Siku ya ajali, sema ulikuwa kwenye chombo gani, kilikuwa na kazi gani, kilisukumwa na nini, na kama ulikuwa kazini au safarini tu.
2. Omba tarehe ya ajali iandikwe. Tarehe hiyo ndiyo inayounganisha mahudhurio yote yanayofuata.
3. Tunza kadi ya kliniki, barua ya rufaa, picha za eksirei na risiti katika mfuko wa nailoni usiopenya maji. Piga picha za karatasi hizo kwa simu na umpe jamaa nakala.
4. Unaporudi, tumia nambari yako ile ile ya mgonjwa. Kufunguliwa faili mpya kila mara hukufanya uonekane watu watatu tofauti.
5. Sema wazi kwamba umerudi, na umerudi kwa lipi.
6. Kama umetibiwa kituo kimoja na unafuatilia kingine, beba karatasi za kituo cha kwanza.
7. Usikose tarehe ya kliniki. Ukizuiwa na bahari chafu, piga simu au fika siku inayofuata, na omba sababu iandikwe.
8. Kama umeajiriwa, mjulishe mwajiri kwa maandishi na ubaki na nakala.

UKIKUTA KOSA

Rekodi yako ni siri kati yako na wanaokuhudumia, na Sheria ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019 inailinda. Pia una haki juu yake. Kifungu cha 35 cha Katiba kinampa kila mtu haki ya kutaka habari za uongo au za kupotosha zinazomhusu zirekebishwe au zifutwe.

Kwa hiyo ukiona rekodi inasema "kuanguka nyumbani" ilhali ulianguka chomboni, nenda kwa afisa wa rekodi za afya wa kituo hicho ukiwa na kadi yako na karatasi ya siku ya kwanza. Eleza kosa kwa upole na kwa ufupi. Afisa hawezi kubadilisha aliloandika daktari bila daktari, kwa hiyo huenda ukaombwa umwone tabibu aliyekuhudumia ili aongeze maelezo. Usiombe msimbo fulani uandikwe ili upate fidia zaidi. Omba ukweli uandikwe, na msimbo utafuata.

JIPIME

Swali la 1. Abiria wa boti ya Mokowe kwenda Amu alikatwa mguuni boti ilipogonga gati. Siku ya kumi amerudi kutolewa nyuzi. Je, aandikwe jeraha jipya?
Jibu: Hapana. Ni Z48.0, pamoja na kutaja jeraha na ajali ya awali.

Swali la 2. Mama ameteleza kwenye ubao akipanda boti, akaanguka majini na kuzama kidogo kabla ya kuokolewa. Boti haikudhurika. Ni kundi gani?
Jibu: V92 kwa ajali, na T75.1 kwa kuzama. Akirudi kesho akikohoa, aseme alizama.

Swali la 3. Mvuvi aliumia goti miezi 16 iliyopita. Leo ameandikiwa "maumivu ya goti" tu. Nini kimekosekana?
Jibu: Kwamba ni athari ya jeraha la zamani, msimbo wa Y85.9 wa ajali, na maneno "ajali ya chombo cha uvuvi" pamoja na tarehe yake. Bila maneno hayo, hakuna atakayejua kwamba goti hilo liliumia baharini.

Swali la 4. Kijana amefungwa banzi kwenye zahanati na siku hiyo hiyo akapelekwa hospitalini kwa upasuaji. Je, hospitalini ni hudhurio la kufuatilia?
Jibu: Hapana. Jeraha bado linatibiwa. Lakini barua ya rufaa ni muhimu ili ajali moja isihesabiwe mara mbili.

Maafisa wa rekodi za afya wapo katika hospitali zetu. Unapohudhuria kliniki, una ruhusa ya kuwauliza nini kimeandikwa kwenye faili yako na kina maana gani. Mwenye jamaa ambaye bado anatibiwa baada ya ajali ya chombo amsomee somo hili, na kwa pamoja waangalie kama kadi yake inataja jeraha, chombo na tarehe.